Konzi ya Pumba

Mtu aliyezoea kusimama mbele ya tanuri hajui kukaa. Bekari aliyoifanyia kazi tangu ujana ilipofungwa, na mashine zake za kukandia unga zikabebwa kwa lori, yule mwokaji alirudi nyumbani akaanza kuzunguka kama nzi ndani ya chupa. Alipanga sufuria, akazipangua. Alifagia ua alioufagia muda si mrefu. Alikaa barazani, akainuka kabla kiti hakijapata joto lake. Mkewe alikuwa amefariki siku nyingi, binti yake wa pekee ameolewa mbali, na ile nyumba ya vyumba viwili yenye ua mrefu ilikuwa imebaki na mtu mmoja aliyetembea humo kwa miguu ya watu wanne.

Utotoni dada yake alimbandika jina la Kiroboto, kwa sababu hakuwahi kukaa mahali muda wa kutosha kupigwa kofi. Jina likamfuata mjini. Fundi cherehani wa jirani, ambaye kibanda chake kilitenganishwa na ua ule kwa ukuta mfupi wa matofali, alilitamka kila asubuhi kama sehemu ya salamu: habari za kuamka, Kiroboto, leo unarukia wapi?

Kilichomtuliza kidogo ni mikono. Alijenga tanuri dogo kwenye kona ya ua, akawa anaoka. Hakuna aliyemwagiza. Kukicha alikanda, akausubiri unga uumuke huku akienda na kurudi mlangoni, kisha akachoma mikate mingi kuliko inavyoweza kuliwa na mgane mmoja na marafiki wake wote. Majirani waliipokea mwanzoni kwa shukrani, baadaye kwa aibu, mwishowe wakawa wanapita njia ya nyuma. Mikate iliyolala aliitia kwenye gunia. Kuitupa hakuweza, aliona kama anatupa siku nzima ya maisha yake. Gunia lilipojaa, akaanzisha jingine.

Hivyo ndivyo alivyokuwa simu ilipoingia kwamba dada yake ameanguka.

Dada huyo alikuwa mkubwa wake, mwanamke mrefu, mkavu wa mwili na wa maneno, aliyebaki mlimani katika nyumba waliyozaliwa. Kiroboto aliondoka kijana, akifuata mji. Dada akabaki na wazazi hadi mwisho wao, akabaki na shamba, akabaki na mbuzi, uzao wa mbuzi wa mama yao, mama kwa binti, mama kwa binti, usiokatika. Hakuwahi kumlaumu mdogo wake kwa kuondoka. Hakuwahi hata kulitaja jambo lenyewe, na huko kutolitaja ndiko kulikomkera Kiroboto miaka yote, kama kijiwe ndani ya kiatu. Sasa alikuwa ameteleza juu ya mwamba akikata matawi, mfupa wa paja ukavunjika. Hospitali ya mjini ikamwekea vyuma, ikamtaka akae karibu mpaka mfupa uunge.

Nyumba ya karibu ilikuwa moja tu. Naye alikubali kwa sharti moja, akilisema akiwa amelala chali, macho yakiwa darini.

"Siji bila mbuzi wangu. Nikipona narudi kwangu, nao wanarudi na mimi, wazima wote. Ukiona huwezi, sema sasa hivi."

Kiroboto akasema anaweza. Alisema haraka, kama alivyosema kila kitu.

Walikuja kwa pikapu, majike watatu na dume mmoja aliyehasiwa, na nyuma yao mzigo wa matawi uliopanda juu kuliko paa la gari. Dereva alinung'unika kwamba alikodiwa kuhamisha mbuzi, hakuambiwa kuhamisha na msitu. Aliyetangulia kushuka alikuwa jike mwekundu mwenye pembe moja iliyopinda kuelekea sikioni, mja mzito. Huyo aliitwa Shangazi, kwa sababu hapakuwa na jambo lililofanyika bandani bila idhini yake. Siku ya kwanza Kiroboto alipopiga kelele uani kwamba Shangazi amekataa maji, fundi cherehani alichungulia juu ya ukuta kwa heshima zote, akauliza kama wamletee mama kiti.

Kitanda cha mgonjwa kiliwekwa chumba cha mbele, chini ya dirisha linaloangalia uani. Kutoka pale hakuona sana, lakini alisikia. Alijua kwa sauti nani anakula na nani anasubiri, nani amesukumwa kutoka horini, nani analala na nani anacheua. Na kutoka pale alimpa mdogo wake sheria za malisho, akizirudia kila alipopita dirishani, naye alipita mara nyingi.

Mbuzi wale walizoea majani ya vichaka, maganda ya miti, mizizi, vitu vikavu vyenye uchungu. Mjini hapakuwa na vichaka. Palikuwa na muuza majani aliyepita na mkokoteni wa nyasi kavu, na palikuwa na duka la pumba. Hayo yote wangeweza kula, dada alisema, lakini si kwa siku moja. Kwanza wale matawi yao waliyokuja nayo, na nyasi ngeni zichanganywe kidogo, kama mtu anayechanganya maji baridi kwenye maji ya moto. Kila siku matawi yapungue, nyasi ziongezeke. Wakishazikubali nyasi, ndipo waonjeshwe pumba, konzi moja kwa kila mbuzi, kile kinachoshikika katika mkono uliofumbwa, basi. Na wasipewe wakiwa na njaa; kwanza nyasi tumboni, pumba baadaye.

"Konzi yangu, si yako," aliongeza. "Mikono yako ni makoleo."

Kiroboto aliuliza itachukua muda gani. Dada akajibu mpaka watakapokubali. Akataka kujua watakubali lini. Dada akafumba macho, akamwambia kwamba tumbo la mbuzi halifanani na gunia la kumwagiwa chochote. Lina wenyeji wake humo ndani, wanaosaga kila anachokula, na kila mwenyeji ana kazi aliyoizoea. Ukiwaletea mgeni, mlete polepole, wamjue. Ukiwaletea kundi la wageni kwa mkupuo, nyumba inavurugika, na inayokufa ni nyumba.

Maneno hayo Kiroboto aliyaelewa vizuri kuliko dada yake alivyodhani. Bekarini alikuwa na chachu yake ya zamani ndani ya mtungi, aliyoilisha unga kidogo kidogo kila siku. Ukiibadilishia unga ghafla, ilinuna, ikatoa maji juu, ikanuka. Alielewa. Ila kuelewa ni jambo la kichwa, na yeye maisha yake yote aliishi kwa miguu.

Mwanzoni alifuata. Alichanganya nyasi na matawi kwa uangalifu wa mtu anayepima chumvi. Matawi ya mlimani yalipoanza kukauka na kupukutika, alipanda baiskeli akazunguka kandokando ya barabara zote za pembezoni kutafuta vichaka vya namna ile, akarudi na kifungu kidogo na mikwaruzo mingi. Lakini mbuzi walilia. Walikula zile nyasi kwa ncha za midomo, kama watu waliotengewa chakula msibani, kisha wakasimama wakitazama mlango wa nyumba na kulia. Mbavu zikaanza kuonekana. Dada, ndani, aliwasikia wakilia, akageukia ukutani. Kiroboto angeweza kuvumilia matusi. Mgongo ule uliogeuzwa hakuuweza.

Hakutulia. Alikwenda bandani akarudi. Aliwapapasa mbavu, akaenda tena. Fundi cherehani alimwambia, bila kuinua macho kwenye kitambaa, kwamba kama mbuzi wangenenepa kwa kutazamwa, wale wangekuwa ng'ombe sasa.

Kisha ikaja asubuhi ya kliniki. Mke wa fundi alijitolea kumsindikiza mgonjwa kwa teksi, Kiroboto abaki na mifugo. Nyumba ikawa tupu. Muuza majani hakutokea. Nyasi zilizobaki jana mbuzi walikuwa wamezikanyaga na kuzikojolea, na mbuzi ni mnyama mwenye kinyaa. Kilichochafuka hakili hata afe njaa. Walilia wote kwa pamoja, Shangazi akitangulia kwa sauti nene kama ya mtu anayedai haki yake, na kilio kile kikamwingia Kiroboto kwenye nyayo. Alikwenda hadi barabarani kumtazama muuza majani. Alirudi. Alikwenda tena. Mara ya mwisho aliporudi, macho yake yalitua kwenye yale magunia kando ya tanuri.

Mkate ni kitu gani, aliwaza, kama si chakula? Ulikuwa mkate wake mwenyewe, wa ngano safi, mkavu, mwepesi. Miaka mingapi alilisha mji mzima na hakuna aliyekufa? Akafungua gunia la kwanza. Alivunja mikate vipande vidogo, kwa upole, kama mtu anayemvunjia mtoto, akavirusha horini.

Hawakuhitaji kubembelezwa. Walitumbukiza vichwa, midomo ikafanya kazi kwa kasi, na Shangazi akawasukuma wenzake kwa mbavu na ile pembe yake iliyopinda, akala mahali pake na mahali pao. Kiroboto akaongeza. Walimaliza, wakamtazama, akaongeza tena. Kwa mara ya kwanza tangu pikapu ilipofika, ua ulikuwa kimya. Aligeuza ndoo, akaikalia. Alikaa pale jua likipanda, mikono magotini, na miguu yake ikawa imetulia kabisa. Watu wa mtaa huo wasingeamini. Hatimaye mikate yake ilikuwa imepata wa kuila.

Dada aliporudi, amechoka, akisaidiwa kuingia kitandani, alisikiliza kidogo kisha akauliza mbona wamenyamaza, wamepewa nini.

"Nyasi," Kiroboto akasema.

Dada alisema nyasi haziwanyamazishi hivyo. Lakini dawa za maumivu zilikuwa zimemwelemea, akalala.

Asubuhi iliyofuata watatu walikuwa wamezubaa, wanaharisha kidogo. Shangazi alikuwa amesimama peke yake kwenye pembe ya banda, kichwa kikiwa kimeinamia ukutani. Ubavu wake wa kushoto ulikuwa umejaa kama unga uliofunikwa kitambaa. Alisaga meno, polepole, sauti kavu ya mtu anayekanyaga kokoto. Hakucheua. Miguu ya nyuma ilikuwa imelowa kinyesi cha majimaji, na Kiroboto alipochuchumaa nyuma yake harufu ilimpanda puani, akaijua kabla hajafikiri. Ilikuwa ni harufu ya unga uliosahauliwa, uliochacha kupita kiasi, ile harufu ambayo kila mwokaji huitambua gizani na ambayo maana yake ni moja: umechelewa.

Alitoka bandani. Aliingia. Alichukua maji, akayamwaga. Alifikiri kumwita daktari bila dada kujua, akafikiri kumficha Shangazi nyuma ya tanuri, akafikiri mambo mengine yasiyo na kichwa wala miguu. Alikuwa akizunguka hivyo uani, kutoka banda hadi lango, lango hadi banda, sauti ya dada yake ilipotoka dirishani, taratibu.

"Kiroboto. Miguu yako inasema kitu tangu alfajiri. Njoo ukiseme kwa mdomo."

Akaenda, akasimama mlangoni, akasema. Alisema yote, hata ile "nyasi" ya jana. Dada yake hakumtazama. Alitazama mguu wake uliofungwa, kana kwamba ndio uliokosa.

"Amekula kiasi gani?"

"Gunia karibu zima. Wenzake walipata mabaki."

Dada alijiinua kwa viwiko. Kisha akasema abebwe yeye mwenyewe atolewe nje. Kiroboto akaanza kumkumbusha daktari alivyosema kuhusu mfupa, naye akamkata kwamba hakumwuliza daktari, amemwambia yeye. Fundi cherehani aliitwa, sindano ikiwa bado imechomekwa kwenye ukosi wa shati. Wawili hao wakambeba juu ya kiti cha barazani, mguu umenyooshwa mbele kama mpini, wakamweka kando ya banda. Uso wake ulikuwa umepauka kwa maumivu. Alinyoosha mkono, akaubana ubavu wa Shangazi kwa ncha za vidole, akaweka sikio, akasikiliza.

Kisha akaanza kutoa amri, na kwa muda hapakuwa na mdogo wala mkubwa, palikuwa na kazi. Kila kilichomo horini kitolewe, hata chembe. Nyasi kavu peke yake, zitafutwe hata kwa miguu. Daktari wa mifugo apigiwe simu. Na kabla hajafika, je, humu ndani hamna magadi?

Magadi yalikuwepo. Mwokaji gani hana magadi ya kuokea? Alileta mkebe, akayakoroga kwenye maji ya uvuguvugu mpaka yakayeyuka. Dada akamwonyesha jinsi ya kumnywesha: chupa kwenye pembe ya mdomo, kichwa kisiinuliwe sana asije akapaliwa, kidogo, ameze, kidogo tena, ameze. Kiroboto alitaka kumimina. Kila alipotaka kumimina, mkono wa dada yake ulimshika kifundo, wenye nguvu ambayo hakuitegemea kwa mgonjwa, ukamzuia mpaka koo la mbuzi litembee. Hivyo ndivyo chupa ile ilivyokwisha, wakiwa wameshikana mkono kama watoto wanaofundishana kuandika.

Daktari alikuwa mwanamke kijana mwenye pikipiki na buti zilizojaa tope la shamba la mtu mwingine. Alipima, akadunga sindano, akauliza wazo la magadi wamelipata wapi, akaridhika. Alieleza kwa sauti ya chini kwamba mkate huchachuka tumboni haraka, tumbo linakuwa kali kama siki, na ule ukali ukiingia kwenye damu hauishii tumboni tu. Watatu wangepona. Kuhusu Shangazi hakuweza kumwahidi mtu. Ile mimba asiitegemee mtu. Alisema hivyo akimtazama dada, lakini aliyeinamisha kichwa alikuwa Kiroboto.

Siku ile yote dada alikataa kurudishwa ndani. Fundi cherehani alimtengenezea kivuli kwa kitambaa cha mteja, akisema mteja mwenyewe ni mnene, kitambaa alicholeta kinatosha nguo na kivuli. Kiroboto alimtembeza Shangazi uani, hatua fupi fupi, wakipumzika kila alipotaka. Kwa mwendo ule wa mbuzi mgonjwa alizunguka ua wake mwenyewe na kuona vitu ambavyo hakuwahi kuviona: ufa wa ukuta, kichuguu cha mchwa chini ya tanuri, viatu vya marehemu mkewe vilivyopauka kwenye dirisha la stoo. Mara kwa mara aliweka sikio ubavuni. Mahali ambapo tumbo la mbuzi mzima hunguruma kama kinu kinachosaga mbali, palikuwa kimya kabisa. Aliweka sikio tena. Kimya.

Jua lilipoanza kuelekea chini, aliweka sikio akalibakiza hapo, akamwinulia dada mkono asiseme. Kulikuwa na kitu, mvumo mmoja, mzito, kama mtu anayegeuka usingizini. Halafu hakuna. Halafu mwingine.

Shangazi alipona. Mimba haikupona. Alizaa kabla ya wakati, asubuhi moja tulivu, kitoto kisicho na manyoya, jike, na alikilamba muda mrefu kabla ya kukiacha. Kiroboto alikizika nyuma ya tanuri. Aliporudi, dada yake alimuuliza kama ni jike au dume. Akasema jike. Dada akatikisa kichwa polepole, na hakusema zaidi, na Kiroboto akatambua ni kimya kile kile cha miaka yote, ila sasa alijua uzito wake kwa kilo.

Magunia ya mkate aliyapeleka kwa mwenye kutengeneza mboji. Hakuoka tena kwa muda.

Walianza upya, kutoka nyasi tupu. Lakini sasa gunia la pumba liliingizwa chumbani kwa mgonjwa, likaegemezwa kitandani, na yeye mwenyewe ndiye aliyechota. Kila asubuhi, mbuzi wakishakula nyasi, Kiroboto alikuja na bakuli, dada akatumbukiza mkono gunini, akaufumba, akazidondosha pumba ndani ya bakuli, mara moja kwa kila mbuzi. Alipitisha siku kadhaa bila kuongeza. Kiroboto alisimama pale akibadilisha miguu. Hakuuliza lini. Akili ilimtuma aulize, aliuma ulimi. Baadaye konzi zikawa mbili kwa kila mmoja, asubuhi na jioni, na mbavu za mbuzi zikaanza kujifunika. Shangazi akarudi kusukuma wenzake.

Katika kusubiri huko wakaanza kuzungumza, kwa sababu bakuli haliwezi kujazwa kwa konzi bila mtu kukaa. Kiroboto alikaa ukingoni mwa kitanda. Dada alimsimulia miaka ya mwisho ya baba yao, mambo ambayo hakuwahi kuyauliza: jinsi mzee alivyokuwa akiliita jina la mwanawe aliyeondoka, na dada akawa anaitika kwa niaba yake, mzee asijue tofauti. Alisimulia bila lawama, huku akipangusa pumba viganjani. Kiroboto alisikiliza mpaka mwisho bila kuinuka. Hata simulizi lilipokwisha hakuinuka, mbuzi wakalia, dada akamwambia haya, nenda, wanakungoja.

Siku moja alipokuja na bakuli, dada alilisukuma gunia kwa fimbo yake ya kutembelea upande wa mlangoni.

"Chota mwenyewe," akasema. "Konzi yangu umeshaiona."

Mfupa uliunga. Fimbo mbili zikawa moja. Mvua zikanyesha, na jirani wa mlimani akatuma salamu kwamba nyumba iko salama, paa halivuji, majani yamefika magotini. Kiroboto aliposikia hivyo alitaka kukimbilia simu kuita pikapu siku hiyo hiyo. Ndiyo ilikuwa tabia yake, kitu kikiuma, kukikimbilia. Dada akamzuia. Majani mabichi ya mvua, alisema, kwa tumbo lililozoea nyasi kavu na pumba, ni mkate mwingine. Watarudi kama walivyokuja. Pumba zipungue kidogo kidogo, matawi mabichi yaongezwe kidogo kidogo, baada ya kushiba nyasi kavu. Wakishakubali, tunaondoka.

Basi kazi hiyo akaachiwa yeye. Alipanda baiskeli kila siku kwenda kukata matawi, akayaanika kidogo yakanyauka, akayaning'iniza bandani. Mbuzi waliyapokea kama barua kutoka nyumbani. Kila kitu kilikwenda sawa, isipokuwa kwamba pumba hazikupungua. Asubuhi alitumbukiza mkono gunini akiwa na nia ya kuacha kidogo, na mkono ukatoka umejaa kama jana. Jioni vilevile. Alijiambia ni tahadhari. Alijiambia Shangazi bado hajawa sawa, ingawa Shangazi alikuwa amempiga dume pembe asubuhi ile mpaka akaruka juu ya hori. Na kwa mara ya kwanza katika maisha yake, mtu aliyeharakisha kila jambo alikuwa akilivuta jambo liende taratibu, huku moyo ukirukaruka ndani yake kuliko miguu ilivyowahi kuruka.

Dada alikuwa barazani, akikuna kisigino kwa fimbo, alipomwita.

"Gunia linashuka kama zamani," akasema. "Hori haijapungua."

"Tumbo halitaki haraka, dada. Ulisema mwenyewe."

"Tumbo la nani?"

Kiroboto aliokota jani chini, akalikunja, akalikunjua. Upande wa pili wa ukuta cherehani ilinyamaza. Fundi alikuwa na adabu zake, lakini pia alikuwa na masikio. Mwokaji alifungua mdomo aseme kwamba nyumba ina nafasi, kwamba kliniki iko karibu, kwamba mlima una mwamba unaoteleza. Hakusema hata moja. Aliona uso wa dada yake ukitazama juu ya paa za mji, kuelekea mahali ambapo mlima ungeonekana kama kusingekuwa na moshi, na akaelewa kwamba huyu naye alikuwa mtu asiyetulia, tangu siku alipobebwa kushuka, kitandani pale, akiwa hawezi hata kuinuka kutembea. Alikuwa ametulia kwa sababu hakuwa na miguu.

"Nisamehe," akasema. Hakusema kwa lipi.

"Kesho upunguze," dada akasema. Kisha, kwa sauti ile ile: "Na mlimani unajua njia. Haijahamishwa."

Asubuhi alichota. Mkono ulitoka umejaa. Alisimama juu ya gunia, akaufungua kidogo upande wa kidole kidogo, akaziacha pumba zitiririke zirudi, nyembamba kama unga unaopita kwenye chekeche, akaufumba tena. Alipozimwaga horini, Shangazi alizila mara moja, akainua kichwa, akamtazama usoni akisubiri zilizobaki. Kiroboto alimwonyesha kiganja kitupu. Mbuzi alikinusa, akakilamba chumvi yake, kisha akageuka kwenye matawi yaliyoning'inia, akavuta moja, akaanza kulitafuna. Ndani ya nyumba fimbo ilikuwa ikigonga sakafu, kutoka kitandani hadi mlangoni, kutoka mlangoni hadi kitandani, ikijifunza mwendo.